Jina likae wapi: mwongozo kwa mwandishi wa skripti za filamu za Korea anayetaka kuwa mtayarishaji

Filamu ya Korea ikiisha na majina yakaanza kupanda kwenye skrini, kuna maneno manne ambayo mwandishi huyatafuta kabla ya mengine yote. Gakbon ni aliyeandika skripti ya asili. Gaksaek ni aliyechukua skripti ya mwenzake akaisuka upya. Gihoek ni aliyelibeba wazo tangu halijawa na hata ukurasa mmoja: akanunua haki, akatafuta mwandishi, akazungusha jalada kwa wenye fedha. Jejak ni aliyetengeneza filamu, mwenye kampuni, anayetia sahihi na wawekezaji.

Wengi hudhani ngazi inapandwa kwa mpangilio huo, kwamba ukiandika vizuri miaka kumi utapandishwa cheo. Haiendi hivyo. Fundi hodari wa gaksaek anaweza kuzeeka akisuka vichwa vya watu huku chake kikibaki timutimu. Anayevuka ng'ambo ni yule aliyejifunza mapema kushika wazo lenyewe, yaani haki zake. Kurasa peke yake hazimvushi mtu.

Pa kuingilia

Shule ni mlango wa kwanza. KAFA, chuo kilicho chini ya Baraza la Filamu la Korea (KOFIC), kilianzishwa 1984 Seoul na siku hizi kiko Busan. Bong Joon-ho, mwongozaji wa "Parasite", alipitia hapo. Chuo Kikuu cha Sanaa cha Taifa, K-Arts, kina shule yake ya filamu Seoul. Cheti chenyewe hakina uzito mkubwa. Uzito uko kwa watu: uliyembebea taa kwenye filamu yake fupi ndiye atakayekupigia simu akipata mradi wake wa kwanza. Kwa msomaji wa Afrika Mashariki, njia ya kawaida ya kwenda kusoma ni ufadhili wa serikali ya Korea, GKS, ambao huanza na mwaka mmoja wa lugha. Bila kufika daraja la 3 la TOPIK, mtihani wa lugha ya Kikorea, huvuki kwenda masomo yenyewe. Kwa kuandika mazungumzo ya filamu, daraja la 3 ni maji ya kisigino tu.

Mlango wa pili ni yeonchulbu, idara ya mwongozaji. Unaingia ukiwa makne, yaani mdogo kuliko wote, kazi yako kupanga ratiba, kuchapa kurasa zilizobadilishwa usiku na kukimbiza kahawa. Han Jin-won alikuwa msaidizi wa namna hiyo kwenye filamu ya Bong ya 2017. Kisha akakabidhiwa muhtasari mrefu wa kurasa 15 hivi, akaenda kuhoji madereva na wafanyakazi wa ndani, akaandika rasimu. Februari 2020 alisimama na Bong kupokea Oscar ya skripti ya "Parasite". Ni bahati isiyojirudia mara nyingi, lakini mlango aliopitia ndio ule ule uliopo leo.

Wa tatu ni mashindano, gongmojeon. KOFIC ina lake. CJ ENM, kampuni kubwa ya burudani, ina mpango wa O'PEN tangu 2017, unaowapa waandishi wapya chumba cha kuandikia na walimu. Kabla ya kupeleka kazi, soma masharti na uyatafutie majibu haya: kazi ikishinda, haki zinabaki kwa nani? Isiposhinda, mwandaaji anabaki na nini? Na je, kuna kipindi ambacho huruhusiwi kuizungumza kazi hiyo na kampuni nyingine? Shindano lenye zawadi nono linalochukua haki zote ni mauzo ya bei ya chini yaliyovikwa shada la maua.

Kuna na mlango wa uani ambao waandishi huudharau: utangazaji na uandishi wa habari. Shim Jae-myung alianzia kwenye kutangaza filamu kabla ya kuanzisha Myung Films mwaka 1995. Kwak Sin-ae, mtayarishaji wa "Parasite", alikuwa mwandishi wa jarida la filamu. Waliokulia huko wanajua kitu ambacho mwandishi wa chumbani hakijui, nacho ni sentensi gani inamtoa mtu nyumbani akanunue tiketi.

Karatasi kwa mfuatano wake

Usianze na skripti. Anza na sentensi moja inayosema nani anataka nini, na nini kinamzuia. Fuatisha sinopsis, yaani muhtasari wa hadithi, kurasa 2 hadi 5, mwisho wa hadithi ukiwa wazi. Msomaji wa kampuni hataki kitendawili. Kisha triteumeonteu, simulizi kamili ya filamu bila mazungumzo, mara nyingi kurasa 15 hadi 30. Hapa ndipo pa kutumia muda mrefu kuliko kote. Kosa likigunduliwa kwenye kurasa 20 linatibiwa kwa wiki moja. Kosa lile lile likigunduliwa kwenye skripti ya sini 110 (sini ni tukio moja, mahali pamoja, wakati mmoja) linakula miezi mitatu, na kufikia hapo mwandishi ameshawapenda watu wake kiasi cha kutotaka kumwondoa hata mmoja.

Skripti yenyewe, sinario, Wakorea wengi huiandika kwenye programu ya Hangul ya kampuni ya Hancom, na faili huishia na .hwp. Ukipeleka faili la programu za Kimarekani, huenda lisifunguliwe kabisa. Mpangilio nao ni mwingine. Kila sini huanza na S# na namba, mahali, kisha mchana au usiku. Jina la mhusika hukaa kushoto na maneno yake hufuata kwenye mstari huo huo. Kwa kuwa maandishi yamebanana, ile hesabu ya Hollywood ya ukurasa mmoja kwa dakika moja haifanyi kazi hapa. Hesabu sini: filamu ya saa mbili huwa na 100 hadi 120 hivi.

Tazama mfano huu, umeandikwa kwa Kiswahili ili kosa lake lionekane:

S#27. Duka la dobi, Mangwon-dong / usiku
Pasi ya mvuke inapumua. Jae-ho (52) anakunja shati la mwisho. Kengele ya mlango inalia. Su-bin (29), mwenye duka mpya, anaingia bila kuinamisha kichwa.
SU-BIN: Wewe. Funguo.
Jae-ho anasita. Hadi jana alikuwa akiitwa "mzee wangu".
JAE-HO: Ziko kwenye droo, bosi.

Mstari unaosema "hadi jana" hauwezi kupigwa picha. Kamera haioni jana. Dawa si kuongeza mazungumzo ya kueleza. Rudi S#19, umfanye Su-bin aingie mlango ule ule, ainame, aseme "mzee wangu", kisha umwache S#27 aseme "wewe" bila maelezo yoyote. Kwa Kikorea badiliko hilo liko ndani ya kitenzi: amehama kutoka jondaemal, lugha ya heshima, kwenda banmal, lugha ya kuongea na mdogo wako. Aliyekulia kwenye shikamoo na marahaba analielewa jambo hili mara moja. Kijana anapoacha kumwamkia mzee, ugomvi umeshaanza hata kama hakuna aliyepaza sauti. Wanaojifunza Kikorea kwa kutazama filamu zenye maandishi ya Kiingereza hawalisikii, na skripti zao huwa na watu wa rika na vyeo tofauti wanaoongea kama mapacha. Chora jedwali kabla ya rasimu ya kwanza: kila mhusika anamwitaje kila mwenzake, kwa lugha ya ngazi gani, na ni sini ipi ngazi hiyo inabadilika. Wahusika 8 wanakupa jozi 28, na kwa kuwa kila jozi ina pande mbili, utajaza nafasi 56. Inachosha, lakini ndilo jedwali litakalokuonyesha mahali ambapo hadithi haina joto.

Kuandika wawili ni jambo la kawaida. Mwongozaji Park Chan-wook na mwandishi Jeong Seo-kyeong wanajulikana kwa kukaa kwenye kompyuta moja iliyofungwa kibodi mbili na skrini mbili, mmoja akiandika sentensi na mwingine akiifuta. Wenye kuaminiana kiasi hicho ni wachache. Wengine waandikiane kwanza nani anapata gakbon, asilimia ngapi, na nini kitatokea mmoja akijitoa katikati.

Mkataba, mahali wengi wanapopotelea

Hakimiliki ya skripti Korea inazaliwa pale unapoiandika, na inadumu miaka 70 baada ya kifo cha mwandishi. Kuisajili kwenye Tume ya Hakimiliki ya Korea si sharti, ila fanya hivyo. Usajili unafungwa na tarehe, na mahakamani anayepinga ndiye anayebeba mzigo wa kuthibitisha. Hifadhi kila rasimu kwa namba na tarehe, usiandike juu ya ile ya zamani. Ugomvi wa nani ni gakbon na nani ni gaksaek huamuliwa kwa kulinganisha rasimu, na asiyekuwa nazo anabaki na kumbukumbu za kichwani tu.

Wizara ya utamaduni ya Korea imetoa mikataba ya mfano kwa ajili ya skripti. Ipo ya kuandika skripti mpya, ya kusuka upya, ya kuruhusu kazi iliyopo itengenezwe filamu, na ya kuhamisha haki hiyo moja kwa moja. Kuruhusu na kuhamisha vinafanana kwenye karatasi, lakini havifanani kabisa kwenye maisha. Ukiruhusu, kazi inabaki yako. Sheria ya Hakimiliki, kifungu cha 99, inasema pasipo makubaliano mengine, miaka 5 ikipita tangu uruhusu, unaweza kumruhusu mwingine aitengeneze upya. Ukihamisha, umeuza ng'ombe na ndama aliye tumboni.

Malipo hugawanywa mara tatu: gyeyakgeum siku ya kutia sahihi, jungdogeum katikati, na jangeum, salio, mwishoni. Kilio kikubwa cha waandishi kiko kwenye hilo salio. Soma kifungu hiki:

"Salio litalipwa siku upigaji picha utakapoanza."

Kinaonekana hakina neno. Lakini miradi mingi haifiki siku hiyo, kwa sababu mwekezaji amejitoa au steringi amepata kazi nyingine. Hapo mwandishi aliyemaliza kazi yote amelipwa theluthi mbili, wakati mwingine chini ya hapo. Andika hivi badala yake:

"Salio litalipwa ndani ya siku 14 baada ya kukabidhi rasimu ya mwisho, au siku upigaji picha utakapoanza, lolote litakalotangulia."

Kisha eleza rasimu ya mwisho ni ipi. "Marekebisho hadi kampuni iridhike" ni maneno yasiyo na sakafu. Weka namba, kwa mfano rasimu 2 na marekebisho 2, na yanayozidi hapo yalipwe peke yake. Weka pia siku ambazo kampuni inapaswa kutoa maoni. Ikikaa kimya siku 30, rasimu ihesabiwe imepokelewa.

Kwa anayetaka kuwa mtayarishaji kesho, ongeza mambo mengine mawili. La kwanza ni haki kurudi: kampuni isipopata fedha ndani ya muda fulani, tuseme miezi 24, skripti irudi kwako, na mkubaliane kabisa kama utarudisha sehemu ya malipo au la. La pili, kama wazo lilikuwa lako, omba jina kwenye gihoek pamoja na gakbon. Kampuni nyingi zitapunguza fedha kabla ya kutoa jina hilo, jambo linalokuonyesha thamani yake. Mwandishi anayeanza mara nyingi atashindwa kulipata kwenye mkataba wa kwanza. Aliombe hata hivyo, ili mkataba wa pili usianze na mshangao.

Kukitokea kutolipwa, kuna dawati la malalamiko la watu wa filamu linaloitwa Yeonghwain Sinmungo. Sinmungo ilikuwa ngoma iliyotundikwa ikulu enzi za wafalme wa Joseon ili raia mwenye dhuluma aipige mfalme asikie. Chama cha waandishi wa skripti, SGK, nacho ni pa kuulizia kabla hujatia sahihi. Ukienda baada ya sahihi watakupa pole.

Kushika wazo

Mwandishi anapotaka kuwa mwenye mradi, huchota kwenye chungu cha aina tatu. Wazo lake mwenyewe ndilo rahisi. Kazi ya mwingine, riwaya au katuni ya mtandaoni, huhitaji kulipia kipindi cha kushikilia haki. Unalipa sehemu ndogo ya bei ili mwenye kazi asimuuzie mwingine kwa mwaka au miwili, na bei kamili unailipa fedha za filamu zikipatikana. Katuni maarufu za Naver na Kakao, majukwaa makubwa ya mtandaoni ya Korea, huwa zimeshashikwa na kampuni kubwa. Mwenye mfuko mwembamba atafute riwaya fupi, kitabu kilichoacha kuchapwa, au mchezo wa jukwaani. Sharti la kuongeza muda liandikwe mapema na bei yake, kwa sababu mwaka wa kwanza huisha ukiwa bado unabishana juu ya nusu ya pili ya hadithi.

Aina ya tatu ni kisa cha kweli, na hapa wageni huteleza. Korea mtu anaweza kushtakiwa kwa kumchafulia mwingine jina hata kama aliyosema ni kweli. Kifungu cha 307 cha Sheria ya Jinai kinaweka hadi miaka 2 jela au faini hadi won milioni 5, na utetezi ni kuonyesha kwamba jambo lilikuwa la kweli na kwa faida ya umma. Kwa hiyo kutegemea habari zilizochapwa gazetini hakutoshi. Pata idhini ya maandishi ya wahusika au familia zao, badilisha majina, kazi na mji, na mpe mwanasheria asome skripti kabla ya mwekezaji. Familia iliyoomba filamu izuiwe wiki moja kabla ya kutoka ni jinamizi ghali kuliko mwanasheria yeyote.

Ukishashika haki, fungua kampuni. Unasajili biashara ofisi ya kodi ya wilaya, kisha unatoa taarifa KOFIC kwamba unafanya utengenezaji wa filamu. Mtu mmoja na meza moja vinatosha. Zamani ungeambiwa uwe Chungmuro, mtaa wa Seoul ambao jina lake hadi leo husimama badala ya tasnia nzima, ingawa ofisi nyingi zimeshahamia Gangnam, Mapo na Sangam-dong. Baada ya hapo watu watakuita daepyo-nim, mkuu wa kampuni, badala ya jakga-nim, mwandishi. Usipumbazwe. Daepyo ndiye anayedaiwa kodi ya ofisi.

Mfano wa kuvuka huku ni mwandishi Park Hoon-jung. Mwaka 2010 zilitoka filamu mbili kubwa zilizotokana na skripti zake, zikiongozwa na wengine. Badala ya kuendelea kuuza moja moja, akageukia kuongoza skripti zake mwenyewe, na baadaye akawa na kampuni yake, Goldmoon. Skripti zilizouzwa zilimjengea jina, na jina likamwezesha kugoma kuuza iliyofuata.

Fedha

Wenye fedha wa filamu za kumbi ni wachache: CJ ENM, Lotte, Showbox, NEW na Plus M ya Megabox. Hao huwekeza na kusambaza kwa pamoja. Wanachoangalia ni kifurushi cha skripti, mwongozaji na steringi. Skripti hupewa wasomaji wa ndani wanaoipa alama, kisha hupelekwa kikao cha kuamua. Kosa la daepyo mpya ni kupeleka rasimu ya tatu kwa wote watano siku moja kwa sababu ana haraka. Kila kampuni huweka rekodi, na skripti iliyokataliwa hurudi mezani ikiwa na doa hata kama umeiandika upya yote. Peleka kwa mmoja, sikiliza, rekebisha, ndipo uende kwa wa pili. Masoko ya miradi, kama Asian Project Market la Busan lililoanza 1998 na NAFF la tamasha la Bucheon, ni mahali pazuri pa kupima wazo kwa mikutano mifupi kabla ya kubisha hodi kwa wakubwa.

Sasa hesabu, kwa sababu mwandishi asiyeijua hii atatia sahihi asilimia 10 ya sifuri. Chukua tiketi ya wastani wa won 10,000. Ondoa kodi ya ongezeko la thamani na tozo ya mfuko wa serikali wa kukuza filamu, tuseme won 1,200. Zinabaki 8,800. Jumba la sinema na upande wa filamu hugawana, na nje ya Seoul ni nusu kwa nusu, hivyo zinabaki 4,400. Msambazaji hukata ada yake, kwa kawaida asilimia 10, yaani 440. Kinachofika kwenye mfuko wa filamu yenyewe ni won 3,960.

Filamu iliyogharimu won bilioni 4.5 kutengeneza na bilioni 1.5 kutangaza na kusambaza ina deni la bilioni 6. Gawanya kwa 3,960, unapata tiketi milioni 1.515 hivi kabla ya faida ya won 1. Wakiingia watu milioni 2, mfuko unapata bilioni 7.92, faida ni bilioni 1.92. Mgawanyo uliozoeleka ni asilimia 60 kwa wawekezaji na 40 kwa kampuni iliyotengeneza, kwa hiyo kampuni inapata won milioni 768. Kama mwandishi ana asilimia 5 ya fungu la kampuni, anapokea milioni 38.4. Kama steringi aliahidiwa won 50 kwa kila tiketi inayozidi mstari wa kurudisha gharama, tiketi 485,000 zilizozidi zinampa milioni 24.25, na lazima mkataba useme fedha hizo zinatoka kabla ya mgawanyo wa 60 kwa 40 au baada yake. Neno hilo moja likisahaulika, ndilo mtakalolirudia mbele ya mwanasheria.

Kwa majukwaa kama Netflix hesabu ni fupi. Mara nyingi hulipa gharama na kiasi cha faida juu yake, huchukua haki, na baada ya hapo watazamaji wakiwa laki mbili au milioni mia huongezewi kitu. Kwa kampuni changa ni pumzi. Kwa anayetaka kubaki na mali yake ni mauzo. Kishawishi kimekuwa kikubwa tangu kumbi zilipotikisika: tiketi milioni 226 ziliuzwa 2019, zikaporomoka chini ya milioni 60 mwaka 2020, na 2024 zilikuwa bado milioni 123 tu.

Skripti ikikutana na saa

Mwandishi akiwa mtayarishaji, lazima ajifunze kusoma skripti yake kwa hoecha, yaani siku za kupiga picha. Sheria ya saa 52 kwa wiki na mikataba ya kazi ya mfano imemaliza zile zama za kukesha siku tatu mfululizo. Ukipiga picha siku 4 za saa 12, umetumia 48. Skripti ya sini 110 kwa mwendo wa sini 2.3 kwa siku inakupa hoecha 48, sawa na wiki 12. Kama siku moja inakula won milioni 50, kuondoa hoecha 4 ni kuokoa milioni 200. Tafuta kwanza sini za usiku nje, mvua, umati, watoto na magari. Mara nyingi sini ya usiku ikihamishiwa jioni ndani ya nyumba haipotezi chochote isipokuwa majivuno ya aliyeiandika.

Daraja la umri nalo liamuliwe kwenye skripti. Bodi ya ukadiriaji ina madaraja ya wote, miaka 12, 15, na yale ya watu wazima. Filamu iliyopangiwa 15 ikaishia ya watu wazima kwa sababu ya sini mbili za damu imejifungia wanafunzi nje siku za likizo.

Kabla ya siku ya kwanza hufanyika gosa, tambiko la kuiombea kazi heri. Kichwa cha nguruwe kilichochemshwa huwekwa mezani, watu huinama, humiminwa makgeolli, pombe ya mchele, na noti hupachikwa mdomoni mwake. Mtayarishaji huanza. Asiyependa nyama hiyo kwa sababu ya dini anaruhusiwa kusimama pembeni kwa adabu, ila asikose kufika.

Kula yako kati ya mradi na mradi

Malipo ya mwandishi wa kujitegemea hukatwa kodi ya asilimia 3.3 moja kwa moja. Mwezi Mei unapeleka ritani ya kodi, na mwenye kipato kidogo mara nyingi hurudishiwa sehemu. Hifadhi stakabadhi za kumbi, vitabu na safari za utafiti. Omba cheti cha shughuli za sanaa kutoka Mfuko wa Ustawi wa Wasanii wa Korea, maana ndicho kinachofungua misaada. Tangu Desemba 2020 wasanii wenye mikataba wameingizwa kwenye bima ya ajira. Mambo haya hayakushuka yenyewe. Januari 2011 mwandishi wa skripti Choi Go-eun, mwenye miaka 32, alifariki chumbani kwake Anyang akiwa mgonjwa na bila kipato, baada ya kumwandikia jirani akiomba wali na kimchi. Sheria ya Ustawi wa Wasanii ilipitishwa mwaka huo huo, na ikaanza kutumika 2012. Kwa hiyo ukiona fomu za bima zinachosha, zijaze.

Filamu ikitoka, idadi ya watazamaji huonekana kila siku kwenye KOBIS, mfumo wa KOFIC unaokusanya mauzo ya tiketi, wazi kwa yeyote. Usikae ukiukodolea macho. Iandike idadi ya siku ya mwisho ya kumbi, kisha subiri jeongsan, taarifa ya mahesabu. Zidisha mwenyewe idadi hiyo kwa wastani wa bei, ukate kama tulivyokata hapo juu, ulinganishe. Gharama za kutangaza ndizo huvimba kuliko zote, kwa hiyo omba orodha yake kwa vipengele, si jumla. Angalia pia mauzo ya televisheni, mtandaoni na nchi za nje, ambayo huja baadaye na kwa mafungu. Taarifa ya kwanza ikisema hasara haina maana ya pili itasema hivyo. Mkataba utaje tarehe za taarifa zinazofuata, na tarehe hizo uziweke kwenye kalenda ya simu yako mwenyewe, maana hakuna atakayekukumbusha.